Wifi anakuja sikukuu na chakula cha mtoto wake: nioke nini, na nimjibu nini?

SWALI

Ndugu Mshauri,

Mimi ni mwanamke niliyeolewa, na mwaka huu, kwa mara ya kwanza, mlo wa sikukuu wa ukoo wa mume wangu utafanyika nyumbani kwetu. Miaka yote uliandaliwa na mama mkwe, ambaye sasa miguu inamsumbua na hawezi tena kusimama jikoni kwa muda mrefu. Alinikabidhi kazi hiyo mbele ya watu wote, nami niliipokea kwa furaha, kwa sababu napenda kupika na kwa sababu, nikisema kweli, niliona kwamba sasa nimehesabiwa kuwa mtu wa nyumba hiyo.

Walaji wa siku hizi, hata hivyo, si wale wa zamani. Binti yetu mkubwa, aliye chuoni, amekuwa vegani: hali nyama, samaki, mayai, maziwa, siagi, hata asali. Anasema ni suala la dhamiri, na hataki chakula chake kiokwe pamoja na nyama. Shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, ana ugonjwa wa siliaki, hivyo haruhusiwi kula ngano wala chochote chenye gluteni, ile protini ya ngano na shayiri. Mtoto wa wifi yangu, mwenye umri wa miaka saba, ana mzio mkali wa karanga, wa korosho, lozi na jozi, na pia wa ufuta. Mama yake hatoki nyumbani bila sindano ya adrenalini mkobani.

Wakati wa mama mkwe, katikati ya meza palikaa pande kubwa la nyama lililookwa, na kila mwenye shida alijitafutia cha kula pembeni. Shemeji alikula viazi. Mtoto alikula wali mtupu. Niliona uchungu kila mara, na nilipokabidhiwa jiko nikaazimia kwamba safari hii kutakuwa na pande moja la kuokwa ambalo kila mtu mezani ataweza kukatiwa: lisilo na nyama, maziwa wala mayai, lisilo na ngano, lisilo na karanga, korosho wala ufuta. Nilidhani ni kazi ya kutafuta pishi tu. Kumbe kila pishi nililolipata linamfungulia mmoja mlango na kumfungia mwingine. La kwanza limetengenezwa kwa gluteni tupu ya ngano. Jingine limejaa jozi na korosho. La tatu ni la tofu, yaani maziwa ya soya yaliyogandishwa, ambayo kwetu haina shida, lakini limekolezwa kwa mchuzi wa soya, na nilipoigeuza chupa nikakuta ngano imeandikwa humo. Mwishowe nikajaribu la kubuni mwenyewe, la adesi na uyoga. Ladha ilikuwa nzuri, lakini kisu kilipoingia, pande zima lilibomoka likatapakaa kwenye sinia.

Hayo ya jikoni ningeyavumilia. Kilichoniumiza ni maneno ya wifi. Nilimpigia simu kumweleza mpango wangu nikitarajia afurahi, naye akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Asante sana wifi, lakini mtoto tutamjia na chakula chake. Usijisumbue." Nikamwambia nitakuwa mwangalifu, nitanunua kila kitu kipya, na hata kaka yake atanisaidia. Akarudia yale yale, kwa upole ule ule. Tangu siku hiyo sina raha. Nahisi ameniambia kwamba jiko langu ni chafu, au kwamba mimi si wa kuaminiwa na maisha ya mwanawe. Mume wangu anasema dada yake yuko hivyo kwa kila mtu na nisiyaweke moyoni, lakini yeye hakuwa amekaa usiku akisoma vibandiko vya pakiti kwa ajili ya mtoto huyo.

Juu ya hayo, mama mkwe amesikia habari za adesi na ameuliza, bila kutabasamu, nyama iko wapi. Kwake, sikukuu isiyo na nyama ni siku kama siku nyingine. Binti yangu naye amesema nyama ikiingia kwenye oveni, yeye atakula matunda.

Naomba uniambie: inawezekana kweli kuoka kitu kilicho salama kwa watu hawa wote katika jiko la kawaida la nyumbani, ambamo siku zote tumetumia ngano na karanga? Niiondoe nyama kabisa, nimuudhi mama mkwe, au niiache, nimpoteze binti yangu mezani? Na wifi nimjibu nini, ikiwa kuna cha kumjibu?

Ni mimi,
Mkazamwana mwenye mashaka

JIBU

Mpendwa dada,

Umeniandikia mambo matatu yaliyofungwa katika kitambaa kimoja. Kuna pande ambalo halijakubali kushikana, kuna jiko ambalo hujui kama linaweza kuaminiwa, na kuna swali la iwapo watu wa nyumba hiyo wamekupokea. Niruhusu nianze na wifi, kwa kuwa naona ndiye aliyekufanya ushike kalamu, adesi tutazifikia.

Alichosema wifi, kwa maneno yako mwenyewe, ni kwamba mtoto atakuja na chakula chake na kwamba usijisumbue. Habari za jiko chafu hazimo katika sentensi yake. Huenda zimo moyoni mwake, siwezi kulikataa hilo, lakini wewe pia huna hakika nalo. Mama wa mtoto mwenye mzio mkali anaishi akijua kwamba dalili zinaweza kuanza dakika chache baada ya tonge, na kwa kawaida hujitokeza ndani ya saa mbili, na kwamba kinachozileta ni kiasi kidogo kisichoonekana kwa macho. Ahadi ya "nitakuwa mwangalifu" bila shaka amekwisha kuisikia kwa watu wengi wanaompenda mwanawe, na hana njia ya kuipima. Anachoweza kukipima ni jina la pakiti, maneno yaliyoandikwa nyuma yake, na mwiko uliotumika. Wewe ulimpa moyo wako, na moyo wako ni mwema, ila yeye alihitaji taarifa.

Kuna jambo jingine dogo nililoliona. Unasema ulimpigia simu kumweleza mpango. Je, ulimuuliza chochote? Inawezekana daktari amewapa maelekezo usiyoyajua. Inawezekana mtoto mwenyewe amezoea kula chake na hataki macho ya watu. Inawezekana pia kwamba "usijisumbue" ilikuwa na maana yake ya kawaida kabisa, kwamba hataki mzigo wa hofu yake ukuangukie wewe katika sikukuu yako ya kwanza kama mwenyeji. Haya yote ni makisio yangu, sawa na yale uliyoyafanya wewe, na mwenye jibu yuko upande wa pili wa simu.

Sasa tutazame walaji wako, kwa sababu umewaweka katika kapu moja na mahitaji yao hayafanani. Binti yako analinda dhamiri: tone la mafuta ya nyama likianguka katika chakula chake halitamdhuru mwili, lakini litamvunjia ahadi aliyojiwekea, na hilo ni zito kwake kwa namna yake. Shemeji yako ana ugonjwa ambao mwili hushambulia utumbo wake wenyewe kila gluteni inapoingia. Hatazimia mezani, na huenda asiseme neno, lakini chembe za mkate zinaweza kumletea madhara hata kama siku hiyo haonyeshi dalili yoyote. Ndiyo maana kipimo kinachotumika katika nchi nyingi ili chakula kiitwe kisicho na gluteni ni kisichozidi miligramu 20 za gluteni katika kila kilo. Mtoto ndiye ambaye kosa linaweza kumfikisha kwenye gari la wagonjwa siku ile ile. Ukiyatenganisha hivi, utaona kwamba si kila uangalifu una uzito sawa, na kwamba pale nguvu zako zitakapopungua, utajua pa kuzielekeza kwanza.

Naomba pia nikuulize kuhusu hilo pande moja kwa wote. Lilizaliwa na huruma, ulipomwona mtoto na wali wake mtupu, na siidharau huruma hiyo hata kidogo. Lina faida ya kweli: mezani pakiwa na chakula kimoja kilicho salama kwa kila mtu, hakuna upawa wa kuchanganya wala sinia la kuchungia. Lakini lina upande wake mgumu. Kila anayeongezwa kwenye orodha anaondoa kiungo kingine, na kosa likitokea katika pande hilo, hakuna aliyebaki na cha kula. Watu wengi wenye mizio hufurahi zaidi kuwa na vyakula viwili au vitatu wanavyovijua kuliko kuwa na kimoja kilichobuniwa kwa ajili yao na kutazamwa na meza nzima wanapokionja. Umewahi kumuuliza shemeji kama viazi vile vilimkera? Huenda vilimkera sana. Huenda vilikuwa raha yake.

Ikiwa bado unataka kulioka, na nadhani unataka, basi linawezekana. Mapishi yaliyokuangusha hayakuwa na nia mbaya. Mengi yake yameandikwa kwa ajili ya vegani, na jikoni mwa vegani gluteni, soya na korosho ndizo nguzo. Hata Tofurky, pande maarufu la vegani ambalo limeuzwa Marekani tangu mwaka 1995, msingi wake ni tofu na gluteni ya ngano. Kwa hiyo neno "vegani" juu ya pakiti lisikutulize kwa ajili ya mtoto. Likufanye ugeuze pakiti haraka zaidi, kwa kuwa jibini nyingi za aina hiyo ni korosho, na maziwa mengi ya aina hiyo ni lozi.

Wazo lako la adesi na uyoga lilikuwa zuri, na kwa jinsi ulivyolieleza, nashuku maji na papara ya kisu. Uyoga mbichi ni maji kwa takribani asilimia 90, na maji hayo yasipotolewa kwenye kikaango yatatokea ndani ya oveni. Ukate vipande vidogo, ukaange kwa moto mkali bila kufunika, pamoja na kitunguu, mpaka maji yote yakauke na vipande vianze kuwa vya kahawia. Hapo ndipo utamu unapozaliwa, na hutaukumbuka mchuzi wa soya ukiongeza kitunguu saumu na vijiko viwili vya nyanya nzito ya kopo. Adesi ziwe za kahawia au za kijani, kwa sababu nyekundu huyeyuka. Gramu 250 za adesi kavu zikiiva huzidi mara mbili ya uzito huo, na zinatosha chombo kimoja cha kuokea mkate pamoja na gramu 300 za uyoga. Zichemshe ziive bila kupasuka, zichuje, kisha ziache kwenye chujio zitoe mvuke mpaka zikauke juu. Theluthi moja uiponde, nyingine uziache nzima.

Cha kushikanisha, badala ya yai, ni mbegu za kitani zilizosagwa: kijiko kimoja cha chakula kwa vitatu vya maji hufanya kazi ya yai moja, na ukiacha kwa dakika kumi mchanganyiko huvuta kama ute. Tumia kiasi cha mayai mawili. Ongeza kikombe cha wali uliopikwa ukawa laini na vijiko vinne vya unga wa dengu, ambao hukaza unapoiva. Shindilia mchanganyiko kwenye chombo chenye karatasi ya kuokea, ufunike, uoke kwa nyuzi 180 za Selsiasi kwa muda wa dakika 40, kisha uufunue kwa dakika nyingine 15 au 20 ili juu pakauke na kupata rangi. Halafu usiliguse. Likae robo saa nzima kabla ya kisu. Njia ambayo mimi naipenda zaidi ni kulioka siku moja kabla, kuliacha lilale kwenye friji, kulikata likiwa baridi, na kupasha moto vipande vikiwa vimefunikwa. Huchukua umbo vizuri zaidi, na siku ya sikukuu unabaki na kazi moja pungufu.

Lakini kabla hujanunua chochote, muulize wifi swali hili: je, mtoto hula adesi na dengu? Karanga ni jamii moja na kunde, adesi na dengu, na ingawa wengi wenye mzio wa karanga hula jamaa zake bila shida, wapo ambao miili yao haitofautishi. Ikiwa mtoto huzila kila wiki nyumbani, njia ni nyeupe. Ikiwa hajawahi kuzila, siku ya sikukuu, mbali na daktari wake, si siku ya kujaribu, na msingi wa pande lako itabidi uwe mwingine, pengine wali, uyoga na boga, kwa kuyapitia maswali yale yale. Swali hilo hilo liulizwe kuhusu mbegu za kitani, za alizeti na za maboga, ambazo mara nyingi hufungashwa katika viwanda vinavyofungasha pia ufuta na korosho.

Adesi zenyewe uzichambue kwenye sinia kabla ya kuziosha, kwa ajili ya shemeji. Hulimwa kwa kupokezana na ngano au shayiri katika mashamba yale yale, na punje za nafaka hizo huonekana ndani ya pakiti ukitazama kwa makini. Viungo vya unga navyo vina hila zake. Mwishoni mwa mwaka 2014 na mwanzoni mwa 2015, bidhaa nyingi zilizotiwa bizari nyembamba ya unga ziliondolewa madukani Marekani kwa sababu bizari hiyo ilikutwa na protini za karanga. Bizari nzima unayoisaga mwenyewe, kwa chombo ambacho hakijasaga karanga, inakupunguzia shaka hiyo. Vidonge vya supu husahaulika daima, ilhali vingine vina ngano na vingine maziwa. Mchuzi mzito wa kumwagia juu uufunge kwa wanga wa mahindi uliokorogwa katika maji baridi, na uwe mmoja kwa meza nzima, kwani panapokuwa na michuzi miwili, upawa hupotea njia.

Kuhusu vibandiko, sheria husaidia mpaka mahali fulani. Katika nchi za Umoja wa Ulaya kuna aina 14 za vyakula vya mzio ambazo ni lazima zitajwe zinapokuwa kiungo, na Marekani ziko tisa tangu ufuta ulipoongezwa rasmi tarehe 1 Januari 2023. Lakini yale maneno "huenda ikawa na chembe za karanga" huwekwa kwa hiari katika sehemu nyingi, na kukosekana kwake hakumaanishi kwamba kiwanda hakina karanga. Wifi analijua hili kuliko mimi na wewe. Ndiyo maana picha ya kila pakiti, mbele na nyuma, ukimtumia kabla hujaifungua, itamwambia mengi ambayo maneno yako matamu hayawezi kumwambia.

Je, jiko lako? Jiko lililotumia ngano na karanga kwa miaka si jiko lililoharibika. Moto wa oveni hauondoi gluteni wala protini za karanga, kwa hiyo "itaungua tu" si kinga. Kinachosaidia ni kusugua kwa sabuni na maji, na kutotumia vitu visivyosafishika vizuri: ubao wa mbao wenye michirizi ya kisu, mwiko wa mbao, chujio lenye matundu madogo, kikaango kilichokwaruzika. Hivyo uvinunue vipya au uviazime palipo salama. Unga wa ngano hupeperuka na kutua kila mahali, basi usiufungue siku hiyo wala jioni iliyotangulia. Mikono ioshwe kwa sabuni na maji, maana jeli ya kuua vijidudu haiondoi protini za karanga. Na mafuta ya kukaangia yawe mapya.

Bado naogopa zaidi mambo yaliyo nje ya jiko lako. Utaoka pande salama kuliko yote, halafu jamaa mmoja ataingia na mkebe wa biskuti za lozi kama zawadi, na watoto watacheza na mikono yenye karanga. Ukitaka mahali pa kutumia mamlaka yako mapya ya mwenyeji, ni hapa: kila mgeni aombwe mapema asije na chakula cha karanga, korosho wala ufuta, na mkate wa ngano usiwe kwenye meza ile ile. Mtoto na shemeji wapakuliwe kwanza, kabla vijiko havijasafiri. Na iwe ametoka na chakula kwao au amekula chako, ujue sindano iko wapi na nani anajua kuitumia. Dalili nzito zikitokea, kama vile kukosa pumzi, sauti kubadilika, midomo na ulimi kuvimba au kulegea ghafla, adrenalini hupigwa mara moja kwenye paja upande wa nje na gari la wagonjwa huitwa; dawa ya kuzuia muwasho haishiki nafasi yake. Hapa sina mashauri mawili.

Kwa wifi, basi, naona njia kadhaa, na kila moja ina gharama yake. Unaweza kukubali aje na chakula cha mtoto na kufunga mjadala. Hiyo ndiyo salama kuliko zote kwa mtoto, na inakuachia wewe kidonda, labda, na mtoto sahani ya peke yake. Lakini unaweza kumuuliza ataleta nini, ukapika chako kifanane nacho, na ukamtengea nafasi ya kukipasha moto kikiwa kimefunikwa katika chombo chake. Unaweza kumwomba aje siku ya kuoka mkapike pamoja, yeye asome vibandiko na ashike mwiko wake. Wapo ambao ombi kama hilo huwafungua moyo, na wapo watakaoliona kama mtihani wanaotakiwa kuufaulu, hasa ukiwaomba mbele ya watu. Unaweza pia kumtumia picha na orodha yako yote bila kumtaka akubali chochote, ukimwambia tu kwamba chake kikija kitapokewa vizuri na kwamba hizi ni taarifa, azitumie apendavyo. Njia hiyo inahitaji uwe tayari kabisa kusikia "hapana" ya pili. Je, uko tayari? Ukiwa hauko, subiri siku mbili tatu kabla ya kupiga simu.

Hisia yako ya kutoaminiwa siiti upuuzi. Ulikesha kwa ajili ya mtoto wa mwenzio, na hakuna aliyeona. Pengine mume wako, badala ya kukueleza tabia za dada yake, angeweza kumweleza dada yake ulichokifanya. Hilo ni jambo unaloweza kumwomba.

Imebaki nyama. Binti yako na mama mkwe wote wawili wanazungumzia nafasi yao mezani, kila mmoja kwa lugha ya chakula, na ninakuona umesimama katikati. Nyama ikiondolewa, jiko linakuwa rahisi kusimamia na binti anakaa kwa amani, lakini mama aliyekuachia jiko anaweza kuona kwamba kazi ya mikono yake imefutwa katika mwaka wa kwanza. Nyama ikibaki, inawezekana kuiokea kwa jirani au kwa jamaa na kuileta ikiwa tayari, na binti asipoikuta kwenye oveni yako huenda akavumilia kuiona mezani. Muulize, kwani alichokitaja ni oveni, na hajasema lolote kuhusu meza. Inawezekana pia pande lako likaokwa siku moja kabla, peke yake, katika oveni iliyosafishwa, na nyama ikaingia siku ya pili, mradi isijazwe mkate wa ngano ndani na mchuzi wake usifungwe kwa unga. Hapo wakati wa kupasha moto, vipande vya binti vifunikwe na vikae rafu ya juu, ili kisidondoke kitu juu yake.

Mama mkwe umwendee mwenyewe, kabla hujanunua chochote, na usimpelekee uamuzi uliokwisha kufikiwa. Mweleze habari za mtoto na shemeji kama ulivyonieleza mimi, kisha mwombe kazi moja ambayo anaweza kuifanya akiwa ameketi. Kuchambua adesi, kwa mfano, kunataka macho makali na subira, na sina shaka anavyo vyote viwili.

Mshauri wako